“Sisi” ni Nani? Neno Lililogombewa Katika Hotuba na Maandiko ya Marekani Changa

Tarehe 4 Juni 1788, mjini Richmond, Virginia, Patrick Henry alisimama mbele ya wajumbe wa jimbo lake akauliza swali ambalo kwa juu juu lilionekana dogo. Katiba mpya ya Marekani ilikuwa mezani, na wajumbe walikuwa wamekuja kuamua kama Virginia iikubali au iikatae. Henry aliipinga. Angeweza kuanza na kodi, na jeshi, au na mamlaka ya rais, na yote hayo aliyafikia baadaye. Lakini kwanza aliyashika maneno ya mwanzo kabisa ya Katiba hiyo, “Sisi watu”, akataka kujua: nani aliwapa walioiandika ruhusa ya kusema “sisi watu” badala ya “sisi majimbo”?

Naliona swali hilo kuwa ufunguo wa maandiko yote ya kisiasa ya Marekani ya wakati ule. Anayeyafungua bila ufunguo huo hupotea haraka. Kuna majina mengi, vyama vilivyokwisha kufa, na maneno makubwa yanayorudiwa mpaka yanachosha. Kuna pia uhuru unaosifiwa na watu ambao nyumbani kwao walikuwa na watumwa. Ila ukilifuata neno “sisi” na kuuliza kila mara anayelitamka anawahesabu akina nani, mambo huanza kujipanga.

Neno lenyewe liliingia kwenye Katiba kwa njia ambayo wengi hawaijui. Rasimu ya Agosti 1787, iliyoandikwa Philadelphia, ilianza kwa kutaja majimbo kwa majina: sisi watu wa majimbo ya New Hampshire, Massachusetts, Rhode Island, na kuendelea mpaka Georgia, yote 13. Mwezi uliofuata rasimu ilikabidhiwa kamati ya kunyoosha lugha, na kalamu akaishika zaidi Gouverneur Morris wa Pennsylvania. Iliporudi, orodha ilikuwa imeondoka. Palibaki “Sisi watu wa Marekani”. Sababu mojawapo ilikuwa ya kiutendaji tu. Katiba ingeanza kazi majimbo 9 yakiikubali, na hakuna aliyejua yatakuwa yapi. Rhode Island haikutuma hata mjumbe mmoja. Huwezi kuandika jina la mtu kwenye mkataba aliokataa hata kuja kuusikiliza.

Basi neno lilipatikana kwa kukwepa tatizo, kisha likawa na nguvu ambayo pengine hata Morris hakuitazamia yote. Kama ni majimbo yaliyokubaliana, Marekani ni ushirika wa wabia 13, na kila mbia ana lake la kusema siku mambo yakiharibika. Kama ni watu, basi kuna serikali moja inayosimama juu ya majimbo yote. Henry aliliona hilo mapema na likamtisha. Mjumbe mwenzake Edmund Pendleton alimjibu kwa swali pia: ni nani mwingine, isipokuwa watu, awezaye kukabidhi mamlaka? Virginia ikaikubali Katiba kwa kura 89 dhidi ya 79. Tofauti ya kura 10 tu ndiyo iliyolipa ushindi neno “watu”, na nani wamo ndani ya neno hilo halikusemwa.

Henry huyu ndiye yule yule ambaye wanafunzi wa Marekani hukariri hotuba yake ya Machi 1775, ile inayomalizikia kwa kuomba uhuru au mauti. Hapa pana fundo la kufunguliwa, kwa sababu linaathiri namna ya kusoma maandiko mengi ya zama hizo. Hotuba ya 1775 hakuna aliyeiandika siku ile. Henry mwenyewe hakuacha nakala, na alifariki mwaka 1799. Maneno tunayoyajua yalichapishwa mwaka 1817 katika kitabu cha maisha yake kilichotungwa na mwanasheria William Wirt, aliyekusanya kumbukumbu za wazee waliokuwapo, miaka 42 baada ya tukio. Kauli ya mwisho yawezekana kabisa ni ya Henry. Mengi yaliyoitangulia ni mkono wa Wirt, akiunganisha vipande. Hotuba ya 1788 ni kinyume chake. David Robertson alikaa ukumbini akiinakili kwa hatimkato, na tunayoisoma leo iko karibu sana na kinywa cha msemaji. Ajabu ni kwamba iliyotufikia kwa kubahatisha ndiyo maarufu, na iliyonakiliwa vizuri husomwa na wataalamu tu. Kwa hiyo hotuba ya “uhuru au mauti” ina tarehe mbili. Inatueleza jambo juu ya 1775, na inatueleza jambo kubwa zaidi juu ya Marekani ya 1817, ambayo wazee wake wa mapinduzi walikuwa wanakwisha mmoja mmoja na vijana walitaka kuisikia sauti yao.

Mpaka kati ya hotuba na andiko ulikuwa mwepesi namna hiyo pande zote. Sisi tulilipata neno “hotuba” kutoka kwenye mimbari ya msikiti, kwa hiyo hatushangai kusikia kwamba uhutubu wa kisiasa wa New England nao ulilelewa kanisani. Kwa vizazi kadhaa Massachusetts ilikuwa na desturi ya mchungaji kuwahubiria gavana na wabunge siku ya uchaguzi, na mahubiri hayo yakapigwa chapa yasomwe majumbani. Mhutubu mzuri alijua kuwa wasikilizaji wake walio wengi hawamo ukumbini. Na baada ya sheria ya posta ya mwaka 1792 walizidi kuwa wengi, kwa sababu gazeti lilisafirishwa kwa senti moja hadi maili 100, na kwa senti moja na nusu zaidi ya hapo. Wahariri walipelekeana nakala bure, na kila mmoja alinyofoa habari za mwenzake. Hotuba ya Boston ilisomwa Charleston bila mtu kulipia mwandishi.

Ndiyo maana baadhi ya “hotuba” zilizoheshimiwa kuliko zote hazikutamkwa kamwe. Maagano ya George Washington ni mojawapo. Yalitokea gazetini Philadelphia, kwa mchapishaji David Claypoole, tarehe 19 Septemba 1796, yakiwa na umbo la mtu anayesimama mbele ya rafiki na raia wenzake. Hakusimama mbele ya mtu. Rasimu ya kwanza aliiandika James Madison mwaka 1792, Washington alipofikiria kuondoka baada ya muhula mmoja. Mwaka 1796 Alexander Hamilton akaiandika upya na kuirefusha, na Washington akainakili kwa mkono wake, akipunguza na kurekebisha. Kufikia hapo Madison na Hamilton walikuwa mahasimu wa kisiasa. Ile “mimi” ya unyenyekevu inayoaga taifa imeshikwa na mikono mitatu, miwili kati yake haipatani.

Na maudhui yake makuu ni “sisi”. Washington anawasihi wasomaji walipende jina la Mmarekani kuliko jina lolote la kimahali, la kusini au kaskazini, la Virginia au Massachusetts. Anaonya dhidi ya roho ya vyama. Watu wengi humnukuu kwamba alionya dhidi ya “miungano inayonasa”. Maneno hayo ni ya Thomas Jefferson, mwaka 1801. Washington alizungumzia miungano ya kudumu na mataifa ya nje. Mtu hamsihi mwenzake alipende jina ambalo tayari analipenda. Maombi yale yanaonyesha jinsi jina hilo lilivyokuwa bado jepesi mioyoni mwa watu.

Miaka tisa kabla, John Jay alikwisha kujaribu kulitatua suala hilo kwa kulitangaza tu kuwa limetatuliwa. Jay, Hamilton na Madison waliandika makala 85 za kuitetea Katiba, kuanzia Oktoba 1787, wakizielekeza kwa watu wa Jimbo la New York na kutia sahihi jina moja la Kirumi, Publius. Wapinzani nao walikuwa na lakabu zao, Brutus, Cato na wengine, wakajibizana gazetini kama malenga, makala kwa makala. Lakabu ilimlazimisha msomaji apime hoja bila kumtazama mtu usoni. Ilifunika pia kwamba Madison hakuwa mtu wa New York hata kidogo. Katika makala ya pili Jay aliandika kwamba Mungu ameipa nchi hii moja watu wamoja, waliotoka kwa mababu wamoja, wanaosema lugha moja na kufuata dini moja.

Nimeisoma sentensi ile mara nyingi, na kila mara inanisimamisha. Jay mwenyewe alikuwa mjukuu wa Wafaransa na Waholanzi. Pennsylvania ilikuwa imejaa wasemaji wa Kijerumani. Sensa ya kwanza, mwaka 1790, ilihesabu watu takriban milioni 3.9, na kati yao karibu 700,000 walikuwa watumwa. Wenyeji wa asili, mataifa mengi yenye lugha nyingi, hawakuhesabiwa kabisa. Katiba yenyewe ilijua watumwa wapo, maana iliwahesabu kwa sehemu tatu za tano, wala haikuthubutu kuwataja. Iliwaita “watu wengine wote”. Basi ndani ya hati moja kuna “sisi watu”, na mistari michache chini yake kuna watu wengine.

Jay hakuwa akieleza hali iliyopo. Alikuwa akiomba iwepo, kwa sarufi ya mtu anayeripoti. Hotuba za kizalendo za zama hizi zimejaa sarufi hiyo, na msomaji akiizoea hatazichukua kama picha ya nchi.

Mara nyingine “sisi” ililindwa kwa jela. Mwaka 1798, chini ya Rais John Adams, Kongresi ilipitisha sheria ya uchochezi iliyofanya kosa la jinai kuandika uongo na ubaya dhidi ya serikali, na waliotamka nini ni ubaya walikuwa wenye serikali. Mbunge Matthew Lyon wa Vermont alifungwa miezi minne na kutozwa faini ya dola 1,000. Wapiga kura wake walimrudisha bungeni akiwa bado kifungoni. Sheria ile ilikoma tarehe 3 Machi 1801. Kesho yake Jefferson aliapishwa, baada ya Baraza la Wawakilishi kupiga kura mara 36 kuamua nani awe rais, akasema kwamba ndugu wa imani moja wameitana kwa majina tofauti: sote ni Warepublikani, sote ni Wafederali. Waliokuwapo ukumbini hawakumsikia vizuri, kwa kuwa Jefferson alikuwa na sauti ndogo. Nchi ilimsikia kwa sababu hotuba ilikuwa imekabidhiwa gazeti mapema. Ni sentensi nzuri, na ilitamkwa wakati ambao nchi ilihitaji kuisikia. Lakini angalia mipaka yake: “sote” yake ni vyama viwili vya wanaume wenye kura.

Hata kura hiyo haikuwa na mpaka mmoja kila mahali. Katiba ya New Jersey ya mwaka 1776 iliwapa haki ya kupiga kura “wakazi wote” wenye mali ya pauni 50, na kwa maneno hayo wanawake wasioolewa na Weusi huru walipiga kura kweli kweli. Mwaka 1807 wabunge wakaifunga milango hiyo kwa sheria. Hakuna hotuba mashuhuri iliyowalilia.

Siku ambayo “sisi” ilionekana kwa macho ni Julai 4. Boston ilikuwa na desturi ya hotuba kila Machi 5, kukumbuka raia waliouawa na askari wa Uingereza mwaka 1770. Mwaka 1783 mji ukaihamishia hotuba hiyo Julai 4, na miji mingine ilikuwa ikifanya vivyo hivyo. Mizinga ilipigwa, watu wakaandamana mpaka kanisani, Azimio la Uhuru la 1776, ambalo mwandishi wake mkuu ni Jefferson, likasomwa, mhutubu akazungumza, kisha chakula na kunyanyua vikombe mara 13, kila mara kwa maneno yaliyoandaliwa na baadaye kuchapwa gazetini. Vyama vilipochukiana, mji mmoja ulikuwa na karamu mbili na wahutubu wawili, kila upande ukidai ndio wenye Azimio.

Pembeni walisimama watu waliolijua Azimio hilo kuliko waalikwa wengi. James Forten alikuwa mmoja wao. Alizaliwa huru Philadelphia, akiwa mtoto wa miaka 9 Azimio liliposomwa hadharani mjini kwao mwaka 1776. Alipigana baharini upande wa Marekani akiwa kijana mdogo, akatekwa, akafungwa katika meli ya jela ya Waingereza. Baadaye akawa mshona matanga na tajiri. Mwaka 1813 Seneti ya Pennsylvania ilipofikiria sheria ya kuwazuia Weusi wasihamie jimboni, Forten alichapisha barua tano bila jina lake, akijiita tu mtu mweusi. Alianza na kweli ile iliyo dhahiri, kwamba Mungu aliwaumba watu wote sawa. Kisha akaeleza jambo ambalo kila mkazi wa mji alilijua: siku ya Julai 4, ikishapita saa sita mchana, mtu mweusi hathubutu kuonekana barabarani, kwa matusi na vipigo vya wanaosherehekea uhuru. Mswada ule haukupita.

Weusi huru walijiwekea siku nyingine. Januari 1, 1808, sheria ya kukomesha uingizaji wa watumwa kutoka Afrika ilipoanza, Absalom Jones alihubiri Philadelphia akitaka siku hiyo iadhimishwe kila mwaka. New York ilipokomesha utumwa Julai 4, 1827, Weusi wengi wa mjini waliandamana Julai 5. Tofauti ya siku moja ilikuwa hoja nzima, bila mtu kufungua kinywa.

Kabla yao Benjamin Banneker, mwanahesabu Mweusi huru wa Maryland, alimwandikia Jefferson tarehe 19 Agosti 1791 na kumrudishia maneno yake mwenyewe ya Azimio, akimuuliza anawezaje kuyaamini na papo hapo kuwashikilia ndugu zake kwa nguvu. Jefferson alijibu kwa adabu na bila ahadi. Banneker akazichapisha barua zote mbili. Huo ndio werevu wa mtu anayejua nchi hiyo inaendeshwa kwa maandishi.

Waliotengwa walichukua hata umbo la hati. Mwaka 1827 Wacherokee, mojawapo ya mataifa ya wenyeji wa asili, walijitungia katiba, na ilianza: sisi, wawakilishi wa watu wa taifa la Cherokee. Georgia ililisoma neno “sisi” hilo kama tusi, maana taifa lenye katiba si kundi la kuhamishwa kwa amri. Ningependa kuishia hapo, lakini katiba ile ile iliwanyima nyadhifa wenye asili ya Kiafrika. “Sisi” mpya ilizaliwa na ukuta wake tayari.

Kisha akaja David Walker, Mweusi huru, muuza nguo za mitumba Boston. Kijitabu chake cha Septemba 1829, alichowaandikia Weusi wenzake, kina utangulizi na vifungu vinne, kimejengwa kama Katiba. Karibu na mwisho anawawekea Wamarekani Azimio mbele yao na kuwauliza: je, mnaielewa lugha yenu wenyewe? Nakala zilisafirishwa kusini na mabaharia. Georgia na majimbo jirani yalijibu kwa sheria dhidi ya maandiko ya namna hiyo na dhidi ya kuwafundisha watumwa kusoma. Walker alifariki Boston mwaka 1830.

Januari ya mwaka huo huo, katika Seneti, Robert Hayne wa South Carolina alitetea wazo kwamba Katiba ni mapatano ya majimbo, na jimbo linaweza kuikataa sheria ya taifa. Daniel Webster wa Massachusetts alimjibu kwa siku mbili. Alisema serikali hii ni ya watu, imeundwa kwa ajili ya watu, imeundwa na watu, na inawajibika kwa watu. Swali la Henry lilikuwa limepata jibu lake kamili baada ya miaka 42. Hotuba ilinakiliwa kwa hatimkato na Joseph Gales, Webster akainoa kwa majuma kadhaa kabla haijachapishwa, na iliyokaririwa na vizazi ni ile iliyonolewa. Juu ya muungano wa majimbo alisema yote. Juu ya nani wamo ndani ya “watu” hakuongeza kitu kwa wale ambao Walker aliwaandikia.

Karibu na wakati huo huo, Baltimore, mtoto mtumwa wa miaka kama 12 alikusanya senti 50 kwa kung’arisha viatu, akanunua katika duka la vitabu la Thames Street kitabu cha mazoezi ya uhutubu ambacho wavulana wa mtaani walikuwa wakikariri. Caleb Bingham alikitoa mwaka 1797. Kilikuwa na hotuba za kizalendo, na kilikuwa na mazungumzo kati ya bwana na mtumwa wake, ambamo mtumwa anajenga hoja mpaka bwana anamwacha huru. Mtoto aliisoma sehemu hiyo tena na tena. Jina lake ni Frederick Douglass.

Mwaka 1852 wanawake wa chama cha kupinga utumwa cha Rochester walimwalika kuhutubia sikukuu ya uhuru. Alizungumza Julai 5. Alianza kwa kuwaita raia wenzake, akawasifu waasisi kwa haki, na kila alipowataja hakusema baba zetu. Alisema baba zenu. Kisha akafika kwenye siku yenyewe: “Julai Nne hii ni yenu, si yangu. Ninyi mwaweza kushangilia. Mimi sina budi kuomboleza.”